Barua ya wazi kutoka Kigoma: Msitoe kibali cha kushuti kabla mwigizaji hajasaini

Kwa Mheshimiwa Waziri mwenye dhamana ya utamaduni na sanaa,
Bodi ya Filamu Tanzania,
Ofisi ya Hakimiliki Tanzania,
na Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa wa Kigoma.

Waheshimiwa,

Nawaamkia kwa heshima kutoka Mwanga, hapa Kigoma. Mimi ni mwigizaji wa filamu. Nina umri wa miaka 44, na kazi hii niliianza nikiwa na miaka 21, enzi hizo tukiwa kikundi cha watu kumi na wawili tunaofanyia mazoezi kwenye darasa la shule ya msingi baada ya wanafunzi kutoka. Wengi wenu hamnijui kwa jina. Sura inawezekana mmeiona, maana nimecheza mama wa steringi, shangazi wa steringi, jirani wa steringi, na siku hizi bibi yake.

Naomba niwasimulie siku moja, kisha niseme ninachokitaka.

Siku hiyo tulikuwa Kibirizi, ufukweni, jirani na pale wanapoanika dagaa. Tulikuwa tunashuti sini ya msiba. Mimi ndiye mama niliyeletewa habari kwamba mwanangu amezama ziwani. Muongozaji alitaka watu waonekane wakiendelea na shughuli zao, kwa hiyo kamera aliificha nyuma ya mtumbwi uliopinduliwa, mbali kidogo. Nilipoanza kulia, akina mama waliokuwa wanageuza dagaa hawakujua kuwa ile ni filamu. Waliacha kazi wakanijia mbio, wanne au watano. Mmoja akafungua kitenge chake cha juu akanifunika, akaniegemeza kichwa begani kwake, akaniuliza, "Ni mtoto wa ngapi, dada?" Nikamjibu, "Wa kwanza." Nikaendelea kulia, kwa sababu sikusikia mtu akisema kata. Mikono yake ilikuwa na magamba madogo ya dagaa, yakanibaki shavuni.

Muongozaji alipotokea nyuma ya mtumbwi akipiga makofi, yule mama alinitazama kwa muda. Nilidhani atanitukana, na angekuwa na haki. Alichosema ni hiki: "Kazi yako nzito, mwanangu. Wanakulipa vizuri?"

Nililipwa shilingi 30,000. Nilikabidhiwa mkononi, saa mbili usiku, kando ya pikipiki iliyokuwa inaunguruma, bila karatasi yoyote. Nilishukuru, nikaenda kununua unga na mafuta.

Miezi kadhaa baadaye nilikuwa kwenye basi, natoka Kasulu kumuuguza mama yangu. Ndani ya basi kuna televisheni, wameweka filamu, na mimi nilikuwa nasinzia. Nikasikia kilio nikakitambua. Nilifumbua macho nikajiona pale mbele, na kitenge cha yule mama kikiwa mabegani mwangu. Dada mmoja wa kiti cha pili alikuwa anafuta machozi. Mwingine akageuka, akanitazama, akaitazama televisheni, akasema kwa sauti, "Jamani, si ndiye huyu?" Basi zima likageuka. Konda alikuja kunipa mkono. Watu walinipongeza mpaka tunaingia Kigoma, na kusema kweli nilifurahi, nisiwadanganye. Lakini nauli ya safari ile nilikuwa nimeikopa kwa jirani, na nilikuwa nimekaa nikipiga hesabu nitamrudishia lini.

Nikafunga safari ya Dar es Salaam. Siku mbili kwa treni, na mihogo ya kuchemsha kwenye mfuko. Kampuni iliyokuwa inaiuza filamu ile sitaitaja. Walinipokea vizuri, wakanipa maji ya kunywa. Kijana aliyenihudumia alifungua faili, akanionyesha mkataba kati yao na prodyuza. Kurasa sita. Alinisomea majina yote. Langu halikuwemo. Akaniambia kwa upole, "Mama, sisi tulinunua kwa mwenye mali. Dai lako liko kwa aliyekushuti." Aliyenishuti alikuwa ameshabadilisha namba ya simu.

Waheshimiwa, yule kijana hakunidhulumu. Alisoma kilichoandikwa. Tatizo ni kwamba mimi sikuandikwa.

Ombi langu ni moja. Bodi ya Filamu isitoe kibali cha kushuti filamu wala tamthilia mpaka mwombaji awe ameambatanisha mkataba uliosainiwa na kila mwigizaji mwenye maneno ya kusema kwenye skripti. Nakala moja abaki nayo mwigizaji, nyingine ibaki kwa Afisa Utamaduni wa halmashauri ambako filamu inashutiwa. Hilo tu.

Siwaombi mtunge sheria mpya kuanzia mwanzo. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 tayari inamtaka mtu apate kibali kabla hajaanza kushuti, na aeleze anachotaka kushuti. Vibali siku hizi vinaombwa kwa mtandao. Anayeomba anapakia skripti. Kuna ugumu gani akipakia na karatasi za watu watakaoicheza skripti hiyo? Mnakagua maneno tutakayosema, mnakagua mavazi yetu, na mnafanya hivyo kwa ajili ya maadili ya taifa. Naomba mkague pia kama tunaosema maneno hayo tumekubaliana na mtu malipo.

Iko pia Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Hilo neno la pili, hakishiriki, watu wengi hulipita haraka. Limewekwa, pamoja na wengine, kwa ajili ya mtu kama mimi: ambaye hakutunga hadithi wala hakumiliki kamera, ila ameitoa sauti yake na uso wake. Sheria imenitambua tangu nikiwa msichana. Lakini ukienda kudai haki bila karatasi, unabaki kusimulia tu. Mimi nilisimulia vizuri sana pale Dar es Salaam. Nimezoea kusimulia. Haikusaidia.

Sababu ya kung'ang'ania karatasi niliipata mahali ambapo sikutegemea, bandarini kwetu.

Mnaijua Liemba, meli ya Ziwa Tanganyika. Iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa kwa bahari hadi Dar es Salaam na kwa reli hadi Kigoma, ikaungwa upya hapa hapa na kushushwa ziwani mwaka 1915 ikiitwa Graf von Götzen. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha ili isitekwe, ila kabla ya kuizamisha waliipaka mitambo yake grisi. Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina tunaloliita leo. Hadithi hii kila mtoto wa Kigoma amesimuliwa na mzee wake, na kila mzee ana namna yake ya kuisimulia.

Ambacho mimi sikukijua ni kwamba meli hii imeingia kwenye sinema. Mwandishi Mwingereza, C. S. Forester, aliandika riwaya mwaka 1935, na meli ya Wajerumani iliyomo ndani yake inatokana na hii ya kwetu. Mwaka 1951 riwaya ikawa filamu, The African Queen. Watalii wanaokuja kuitazama Liemba huwa wanaitaja. Nilipoisikia mara ya tatu nilimwomba binti yangu anitafutie kwenye simu. Haikushutiwa ziwani kwetu, walishuti Kongo na Uganda, na nyingine studio huko London. Niliitazama usiku mmoja kitandani, simu imeegemezwa kwenye chupa ya chai, Kiingereza chake nikikidaka kidogo kidogo.

Nilimwona mwanamke mwembamba, gauni limefungwa mpaka shingoni, amekaa kwenye boti chakavu na mlevi, na hakuna dakika ambayo ungemwondolea macho. Anaitwa Katharine Hepburn. Nilimwambia binti yangu, "Tafuta huyu mama ana miaka mingapi hapa." Alizaliwa Mei 1907, filamu ikapigwa katikati ya 1951. Miaka 44. Umri wangu huu nilionao. Na yeye ndiye alikuwa steringi, anapendwa, anaamua, anashika usukani wa boti.

Sikulala. Nilimsoma mpaka bando likaisha. Filamu yake ya kwanza ni ya mwaka 1932, na ya mwisho ya 1994. Miaka 62. Alipata tuzo nne za Oscar za mwigizaji bora wa kike, na hakuna mwigizaji mwingine aliyefikisha idadi hiyo katika nafasi za uhusika mkuu. Ya kwanza aliipata kwa filamu ya 1933. Tatu zilizobaki alizipata kuanzia alipofika miaka 60, na ya mwisho akiwa na 74. Hebu fikirini: miaka 74, mikono inatetemeka, na bado anapewa tuzo ya uhusika mkuu.

Kuna kipande cha maisha yake nilichokisoma mara mbili. Mwaka 1938 wamiliki wa majumba ya sinema Marekani walitangaza orodha ya waigizaji wanaofukuza wateja, na yeye alikuwemo. Waliwaita sumu. Alikuwa hajatimiza hata miaka 31. Hapa kwetu ningekuwa nimeshauza nguo zangu za kuigizia. Yeye alijitoa kwenye kampuni iliyokuwa imemwajiri, akarudi kucheza tamthilia jukwaani, The Philadelphia Story, ikapendwa sana. Na haki za kuifanya filamu tamthilia hiyo zilikuwa mikononi mwake, rafiki yake tajiri Howard Hughes alikuwa amemnunulia. Kampuni kubwa ilipoitaka, ilibidi ipige hodi kwake. Akaweka masharti: nacheza mimi, na nasema nani aongoze. Filamu ikatoka 1940 na hakuna aliyemwita sumu tena.

Kipaji alikuwa nacho mwaka 1938 alipotupwa, na kipaji kilekile alikuwa nacho 1940 aliporudi. Kilichoongezeka katikati ni hati yenye jina lake.

Najua Marekani si Kigoma, na sina haja ya kufundishwa tofauti yake. Hapa nchini pia wapo waliodumu, na ninawaheshimu. Natasha na bintiye Monalisa, mama na mtoto, wote ni waigizaji. Monalisa alicheza kwenye Girlfriend ya mwaka 2003, filamu ambayo wengi wetu tunaihesabu kuwa ndiyo iliyofungua mlango wa hizi tunazoziita Bongo Movie. Mimi niliitazamia kwenye kibanda umiza cha Ujiji, nimebanwa kwenye benchi kati ya wavuvi wawili, nikatoka nikiwa nimeshaamua maisha yangu. Lakini kwa kila aliyedumu, ninaweza kuwahesabia kwa vidole wale wa huku kwetu waliotoweka, na vidole vikaisha.

Naomba niwaeleze wanavyotoweka, maana sidhani kama takwimu yoyote inaonyesha.

Nilipokuwa na miaka 27 nilijifungua mtoto wangu wa kwanza. Niliporudi kikundini baada ya miezi minne, prodyuza aliyetoka nje ya mkoa alinitazama akasema, "Wewe sasa umeshakuwa mama." Nilidhani ananipongeza. Alimaanisha nitacheza mama. Mwanaume tuliyeanza naye kikundi siku moja, ambaye wakati ule alikuwa na watoto watatu, kwenye filamu hiyohiyo alicheza mchumba wa msichana wa miaka 19. Nilipofika 36 nikapewa bibi. Walinipaka unga wa ngano kichwani ili nionekane nina mvi. Tulishuti saa saba mchana Katonga, jua linachoma, jasho likachanganyika na unga, uji ukatiririka masikioni. Aliyecheza mwanangu, aliyekuwa ananipigia magoti na kuniita mama, ananizidi miaka miwili.

Sichukii kucheza bibi. Bibi ana maneno mazuri kuliko mchumba. Kinachoniuma ni kwamba kwa mwanamke kila hatua ya kupanda umri ni hatua ya kupungua: siku za kushuti zinapungua, maneno yanapungua, na fedha zinapungua. Bibi anapewa sini mbili, moja ya kubariki na moja ya kufa.

Na hapa ndipo mkataba unapoingia. Filamu nilizocheza nikiwa binti bado zinaonyeshwa. Zilianza kwenye kanda, zikahamia kwenye diski, zikaingia kwenye ving'amuzi, sasa ziko YouTube zimekatwa vipande vipande na matangazo yamechomekwa katikati. Yule binti wa miaka 23 mwenye kiuno chembamba hajazeeka. Anafanya kazi kila siku, usiku na mchana, kwenye simu za watu wa Mwanza, Lubumbashi na Muscat. Mimi niliyemzaa haniletei hata mia. Kama mwaka ule mtu angenisainisha mstari mmoja tu, kwamba filamu ikiuzwa mahali pengine mwigizaji atapata kiasi fulani, huyo binti angekuwa ananitunza sasa kama mtoto anavyomtunza mama yake. Kwa mwanamke ambaye soko linamwacha mapema, huo ndio uzee wake.

Bila mkataba pia sina namna ya kuonyesha kwamba nimewahi kufanya kazi. Miaka 23 nimefanya kazi, na nikiulizwa ushahidi wa kipato ninapoomba mkopo, natoa nini? Natoa simu nionyeshe filamu? NSSF wanapokea waliojiajiri, nimeambiwa na ni kweli, lakini mtu atachangia vipi wakati hajui kama kazi ya leo italipwa mwezi ujao au haitalipwa kabisa.

Kuna jambo jingine ambalo ni zito, na nitalisema kwa kifupi kwa sababu lina mwenyewe. Kwenye kikundi chetu kulikuwa na binti wa Ujiji, miaka 19, mwenye kipaji kunizidi mimi. Alikuwa akinyamaza tu, ukumbi mzima unanyamaza naye. Mtu mmoja aliyekuja kutafuta waigizaji alimpigia simu aende nyumba ya wageni saa tatu usiku "kupitia skripti." Binti alinipigia mimi. Nikavaa, nikaongozana naye. Yule mtu alipotuona wawili alisema ana haraka, skripti tutaipitia kesho. Kesho yake nafasi ilikuwa imeshapewa mwingine. Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007, kifungu cha 25, inalitaja jambo hili kuwa ni kosa. Naijua kwa sababu niliitafuta baada ya siku ile. Lakini binti wa miaka 19 ambaye hana karatasi inayosema alikuwa anaomba kazi, wala aliyempigia alikuwa anatoa kazi, ataanzia wapi kueleza? Siku hizi anapima mawese sokoni. Nikipita ananisalimia vizuri, haniulizi habari za filamu na mimi simuulizi.

Ingekuwa nafasi zinajulikana kabla ya kibali kutoka, nani anacheza nini na kwa shilingi ngapi, na karatasi ipo kwa Afisa Utamaduni, ile simu ya saa tatu usiku ingekosa nguvu. Haitakwisha, binadamu ni binadamu. Lakini ingekuwa ngumu zaidi kupigwa.

Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa, wewe nakutaja peke yako kwa sababu mkoa huu una sifa ambayo naomba usiridhike nayo haraka. Kila tukizungumzia sanaa, tunahesabu wanamuziki wenye asili ya hapa, Diamond Platnumz, Ali Kiba, Mwasiti, Linex, na tunajivuna, na tuna haki. Ila mwanamuziki anaweza kubeba daftari lake akapanda treni akatokea. Filamu haibebwi hivyo. Filamu inahitaji ziwa liwepo, mtumbwi uwepo, watu thelathini wale mchana na walale usiku. Wanaokuja kushuti huku wanakuja kwa sababu ya Ujiji, Gombe, maembe, reli na machweo ya ziwa. Wanaondoka na picha. Nakuomba waondoke wakiwa wameacha karatasi.

Najua nitajibiwa nini, kwa sababu nimeshajibiwa na vijana wa hapa hapa ambao nawapenda. Wanasema, "Mama, ukituwekea mikataba umetuua. Sisi tunashuti kwa simu, hela yenyewe tunachanga, tukidaiwa mikataba hatutashuti tena." Ni hoja ya kweli. Hao vijana wa Gungu nimewachezea bure mara mbili, nikabeba na chakula changu, na nitawachezea tena wakiniita.

Nikawauliza, nani amesema mkataba lazima uwe na pesa nyingi? Tuliandika mmoja pamoja, kwenye karatasi ya daftari, tukiwa tumekaa barazani. Tuliandika kwamba mimi nacheza shangazi, siku tatu, silipwi chochote sasa hivi, na filamu ikiingiza fedha mahali popote napata sehemu moja kati ya ishirini baada ya gharama. Tuliandika tarehe. Tukasaini. Ilituchukua chini ya saa moja, na nyingi ya saa hiyo ilikuwa ni kubishana kuhusu neno "gharama", mabishano mazuri tu, maana kila mmoja alikuwa anafikiria kitu tofauti na hakuna aliyejua mpaka siku ile. Kijana muongozaji aliniambia baadaye kwamba ile karatasi ilimsaidia na yeye, kwa sababu alipokwenda kuzungumza na mtu wa king'amuzi aliulizwa kama ana haki zote za waigizaji, akaitoa mfukoni.

Kwa hiyo Bodi ikitoa mfano wa mkataba, ukurasa mmoja, Kiswahili cha kawaida, wenye nafasi ya kujaza jina, uhusika, siku, malipo ya sasa, na kitakachotokea filamu ikiuzwa tena, hamtakuwa mmemuua kijana. Mkiona hata hivyo ni mzigo kwa wanaoanza, basi anzeni na wale wanaouza kwenye televisheni na ving'amuzi, halafu mteremke. Tutasubiri zamu yetu, ila mtuambie zamu iko.

Na Ofisi ya Hakimiliki, nawaomba mje. Sisi Dar es Salaam ni zaidi ya kilomita 1,200, na si kila mwigizaji ana mihogo ya kutosha safari ile. Njooni siku tatu kwa mwaka, kaeni kwenye ukumbi wowote wa Manispaa ya Kigoma Ujiji, tangazeni redioni wiki moja kabla. Mtashangaa watakaojitokeza. Watakuja hata wale waliokwishaacha, wakiwa na diski zao wamezifunga kwenye mifuko ya nailoni, kuuliza kama kuna namna.

Yule mama wa Kibirizi nilimrudishia kitenge chake wiki ileile. Nilikifua, nikakikunja, nikampelekea na sukari kilo moja. Alikataa kukipokea kwanza, akasema nikae nacho kwa ajili ya misiba mingine ya kwenye picha. Tulicheka wote. Swali lake kama wananilipa vizuri nililikwepa siku ile ya kushuti, na siku hiyo ya kitenge pia nililikwepa, nikaanza kuulizia bei ya dagaa.

Mwezi ujao nimeitwa tena. Ni tamthilia, tutashuti Bangwe na Ujiji, na mimi ni bibi, safari hii sini nne. Nimeshatoa nakala tatu za mkataba kwenye duka la steshenari karibu na soko la Mwanga, shilingi mia mbili kila moja. Moja ya prodyuza, moja yangu, na ya tatu nitaipeleka mwenyewe kwa Afisa Utamaduni Jumatatu asubuhi, ofisi ikifunguliwa. Naombeni muwe mmeshamwandikia, ili nikifika ajue ni ya nini na aipokee.

Wenu katika kazi,

Mwigizaji,
Mwanga, Kigoma.